Vlaho Bukovac na heshima ya picha za kuagizwa

Wahakiki wengi humpima mchoraji kwa kazi alizozifanya kwa matakwa yake mwenyewe, na zile alizolipwa ili achore sura za wenye mali huziweka kando, kana kwamba fedha huichafua rangi. Sikubaliani na kipimo hicho, na Vlaho Bukovac, mchoraji wa Kroatia aliyezaliwa mwaka 1855 katika mji mdogo wa Cavtat ulio pwani ya Adriatiki, ananipa sababu ya kukikataa.

Bukovac hakukulia miongoni mwa wasanii. Akiwa bado mtoto alipelekwa New York na ami yake, na huko akafungiwa katika nyumba ya kurekebishia watoto watukutu ilhali hakuwa na kosa lolote. Baadaye alikuwa baharia, akaishi Peru na San Francisco, na hadi anaingia Paris mwaka 1877 kusoma kwa mchoraji Mfaransa Alexandre Cabanel, akisaidiwa na Askofu Josip Juraj Strossmayer, alikuwa ameishi na watu wa kila namna. Naamini maisha hayo yalimfundisha kumtazama mtu kabla ya kuyatazama mavazi yake.

Jina lake lilivuma mwaka 1882 kwa picha ya mwanamke aliye uchi, La Grande Iza, ambayo leo iko Novi Sad, Serbia. Ni kazi ya fundi, sibishi, lakini mwanamke yule yupo ili atazamwe tu. Katika picha alizoagizwa hali ni tofauti. Bukovac alimchora Malkia Natalija wa Serbia, na alikuwa na wateja wa kudumu katika miji ya Liverpool na Harrogate nchini Uingereza. Mteja wa aina hiyo ana mke, watoto na marafiki watakaosimama mbele ya picha na kusema papo hapo kama ndiye au siye, kwa hiyo mchoraji hana pa kujificha.

Ustadi huo ndio uliolibeba pazia la Ukumbi wa Taifa wa Michezo ya Kuigiza wa Zagreb, mji mkuu wa Kroatia, alilolichora kwa ajili ya ufunguzi wa mwaka 1895. Ivan Gundulić, mshairi wa karne ya 17, ameketi, na wazalendo wa mwamko wa kitaifa wa Kroatia wa karne ya 19 wanamjia. Pazia la namna hiyo lingeweza kuishia kuwa fahari tupu, lakini wale ni watu halisi, kila mmoja na sura yake, kwa sababu aliyewachora alikuwa amezoea kuwajibika kwa kila pua na kila paji la uso.

Kuanzia mwaka 1903 hadi kifo chake mwaka 1922 alifundisha katika Chuo cha Sanaa cha Prague, na brashi yake ikageuka: alipaka rangi kwa miguso midogo midogo, hata shavu likitazamwa kwa karibu huwa ni vipande vya waridi, buluu na kijani, na ukirudi nyuma hatua chache huwa ngozi yenye joto. Aliwachora hivyo hata jamaa zake, bila malipo, kwa jicho lile lile lililonolewa na kazi za malipo. Ningependa wanaoandaa maonyesho yake waanze na nyuso hizo, na Iza asubiri chumba cha mwisho.