Apollinaire: Mhakiki au Mpiga Debe?

Mshairi Guillaume Apollinaire alizaliwa Roma mwaka 1880 kwa mama mwenye asili ya Poland, akahamia Paris akiwa kijana, na akafa huko Novemba 1918 kwa janga la mafua, siku mbili kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia kusimama. Ushairi wake hauna mgogoro. Ubishi uko kwenye kazi yake ya pili, uhakiki wa sanaa.

Wanaomshutumu wana hoja nzito. Daniel-Henry Kahnweiler, mfanyabiashara aliyeuza kazi za wachoraji wa kubizimu, mtindo unaovunja vitu kuwa maumbo ya kijiometri, hakuona la maana katika maandishi ya Apollinaire kuhusu uchoraji. Novemba 1908 mchoraji Georges Braque alionyesha picha zake katika ukumbi wa Kahnweiler, na Apollinaire akaandika utangulizi wa katalogi. Ni sifa tupu. Ukimaliza kusoma hujui turubai lina nini. Mhakiki Louis Vauxcelles, aliyekuja kukejeli, ndiye aliyeandika kwamba Braque anageuza mandhari, watu na nyumba kuwa michemraba. Adui alitazama, rafiki akaimba. Halafu kuna kitabu cha Apollinaire cha 1913 kuhusu wachoraji wa kubizimu, ambamo mchoraji Marie Laurencin anapewa nafasi yake. Laurencin alikuwa mpenzi wake kwa miaka kadhaa, na picha zake zina undugu wa mbali sana na kubizimu. Siku hizi tungesema mgongano wa maslahi, na tungekuwa sahihi.

Hata hivyo, mwaka 1905, Picasso akiwa na miaka 23 tu, Apollinaire alishaandika juu yake. Alimtetea Henri Rousseau, karani mstaafu wa ushuru aliyechekwa na wengi kwa picha zake. Alimtambua mapema mchoraji Giorgio de Chirico. Eti ni bahati ya kukaa na marafiki wazuri? Paris ilijaa wachoraji. Kuchagua hao kulihitaji jicho. Wala sifa zake hazikuwa za bure: mwaka 1914 aliacha kazi katika gazeti la L'Intransigeant baada ya kuzozana nao kwa kumsifu mchongaji Archipenko.

Kwa maoni yangu alijua nani ni nani, ila hakuweza kueleza kwa nini. Alipojaribu kufafanua nadharia, sentensi zake zilipaa hewani. Alipoacha kufafanua, mambo yalibadilika. Robert Delaunay alipochora mfululizo wake wa madirisha, Apollinaire alimpa shairi kwa ajili ya katalogi, «Les Fenêtres», linaloanza na rangi ya njano ikifa kati ya nyekundu na kijani. Hapo msomaji anaiona picha. Na mwishoni mwa 1912, diwani yake Alcools ikiwa tayari kuchapwa, alifuta alama zote za uakifishaji, mishororo ikabaki imegusana bila kuambiwa iungane vipi, jinsi vipande vinavyokaa kwenye turubai la Braque. Braque mwenyewe alidai baadaye kwamba mtu huyu hakuelewa uchoraji. Sijui alitaka ushahidi gani zaidi.