Barua Moja Iliyozama Kwenye Matangazo ya Gemu

Mpwa wangu alinipigia simu Jumamosi alfajiri, na kwa jinsi alivyochanganyikiwa hata shikamoo aliisahau. "Mjomba, akaunti yangu hainifungulii. Inasema nenosiri si sahihi, na nikiomba jipya halifiki kokote." Akaunti hiyo ya gemu niliifungua mimi miaka minne iliyopita kwa baruapepe yangu, kwa sababu wakati huo yeye alikuwa na miaka 11 na masharti yalitaka mtu mzima. Kwa hiyo kila barua iliyoihusu ilikuja kwangu. Nikamwambia atulie, nikaanza kutafuta.

Barua iliyohusika niliikuta kwenye tupio la baruapepe yangu. Ilikuwa imeingia siku kumi na moja nyuma, saa nane usiku: anwani ya akaunti yako imebadilishwa, kama si wewe uliyebadilisha bonyeza hapa. Juu yake kulikuwa na punguzo la mwisho wa wiki na mavazi mapya ya wachezaji. Chini yake, mwaliko wa kujaribu gemu ya magari na barua tatu za "tumekukumbuka". Kiungo cha kuzuia mabadiliko kilikuwa kimeshakwisha muda wake.

Aliyeitupa barua ile ni mimi. Miezi kadhaa kabla ya hapo nilikuwa nimechoshwa. Barua za kampuni ile ya gemu zilikuwa zinakuja tano, sita kwa siku, zote na mapicha makubwa, na simu yangu inazipakua kwa bando langu. Siku moja nikatengeneza kichujio: chochote kinachotoka kwa kampuni hii, cha zamani na kipya, kiende moja kwa moja tupioni. Kisanduku kikawa cheupe, nikaona nimemaliza kazi. Gmail nayo husafisha tupio kila kitu kikishafikisha siku 30, kwa hiyo vilivyotangulia vilikuwa vimeshapotea kabisa, pamoja na risiti zote za gemu tulizonunua.

Tumezoea kuziita barua hizi kero, kama mbu wa jioni: unampunga, maisha yanaendelea. Mimi siku hizi naziona tofauti. Akaunti ya gemu ni mali. Ina gemu zilizolipiwa, ina kadi iliyohifadhiwa, ina mazungumzo ya mtoto na wenzake, na ina miaka ya jasho lake ambayo hakuna duka linaloiuza. Mlinzi wa mali hiyo ni barua chache sana kwa mwaka: umeingia kwa kifaa kipya, nenosiri limebadilishwa, umenunua kitu. Kampuni inayozika barua hizo chache chini ya mamia ya matangazo inamziba mlinzi mdomo, halafu mali ikiibwa inakuuliza kwa nini hukusikia.

Wezi wa akaunti wanaujua udhaifu huu vizuri. Wana mbinu ya kuiandikisha anwani yako kwenye mamia, hata maelfu, ya orodha za matangazo kwa mkupuo, ili kisanduku kifurike wakati wao wananunua kitu kwa kadi yako au wanabadilisha nenosiri. Ukiamka ukakuta umejaziwa barua za maduka usiyoyajua, usianze kuzifuta. Tafuta kwanza risiti na taarifa za mabadiliko, maana huenda moja kati ya hizo ndiyo sababu ya nyingine zote kuja. Sasa fikiria: mwizi anahangaika kutengeneza mafuriko ili afiche barua moja tu, na kampuni ya gemu inakuletea mafuriko hayohayo kila siku ya Mungu, bila mwizi kuomba.

Kinachoniudhi zaidi ni matangazo yanayovaa nguo za taarifa. Jina la mtumaji lilelile, nembo ileile, na kichwa cha barua kinasema kuna jambo kuhusu akaunti yako. Ukifungua ni punguzo. Hili si la gemu peke yake. Mwaka 2023 kitengo kimoja cha Experian, kampuni ya taarifa za mikopo, kilikubali kulipa dola 650,000 baada ya serikali ya Marekani kukituhumu kwamba watu waliofungua akaunti za kusimamia taarifa zao walitumiwa matangazo yaliyojieleza kuwa ni mambo ya akaunti, bila njia ya kujiondoa. Mtu akidanganywa hivyo mara kumi, ya kumi na moja haifungui, na huenda hiyo ndiyo ya kweli.

Sheria ya Marekani kuhusu barua hizi, CAN-SPAM ya 2003, inataka kila tangazo liwe na njia ya kujiondoa, na ukishaomba, kampuni iwe imekutoa ndani ya siku 10 za kazi. Kanuni zake zinakataza kukudai chochote zaidi ya anwani yako na kufungua ukurasa mmoja. Kiungo cha kujiondoa nilichobonyeza mimi kilinipeleka kwenye ukurasa wa kuingia: weka jina la akaunti, weka nenosiri, subiri namba ya uthibitisho, na namba hiyo inakwenda kwenye simu ya mtoto aliyeko shuleni. Nilijaribu mara mbili nikaacha. Naamini ukurasa ule uliwekwa hivyo ili watu kama mimi waache.

Ulaya wamekwenda mbele kidogo. Oktoba 2019 Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya iliamua, katika kesi ya Planet49, kampuni iliyokuwa ikiendesha bahati nasibu mtandaoni, kwamba kisanduku ulichokikuta kimeshatiwa alama ya "nakubali" hakihesabiki kuwa ridhaa. Kesi ilihusu vidakuzi, yale mafaili madogo ambayo tovuti huyaacha kwenye kifaa chako ili ikutambue, lakini hoja inaingia hapahapa: kunyamaza kwangu si kukubali. Kwetu, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023, inampa Mtanzania haki ya kukataa taarifa zake zisitumike kwa matangazo ya biashara. Wakenya wana sheria yao tangu 2019. Ni haki nzuri, ila kampuni haina hata chumba kimoja Dar es Salaam, na mzazi wa Mbagala hataanza kuandika malalamiko kwa Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi kwa ajili ya barua za gemu.

Msaada wa haraka umetoka kwingine. Tangu Februari 2024 Google na Yahoo wanawabana watumaji wakubwa. Kwa Google, mtumaji mkubwa ni anayepeleka barua 5,000 au zaidi kwa siku kwenye anwani za Gmail. Barua zake za matangazo lazima ziwe na kitufe cha kujiondoa kwa mbonyezo mmoja, na ombi litekelezwe ndani ya siku mbili. Ndiyo maana siku hizi unaona neno la kujiondoa juu kabisa, pembeni ya jina la mtumaji. Tumia hilo badala ya kile kiungo cha maandishi madogo kilichojificha chini. Hapo kwa kawaida huombwi nenosiri. Na kama barua yenyewe huielewi imetoka wapi, usibonyeze kitu ndani yake. Viungo vya kujiondoa navyo hughushiwa, hasa kwenye zile barua za kuwaahidi watoto V-Bucks au Robux, yaani sarafu za ndani ya gemu, za bure.

Lakini kitufe hicho mara nyingi hukutoa kwenye orodha moja tu. Kampuni moja inaweza kuwa na orodha ya punguzo, ya gemu mpya, ya mashindano, ya maoni ya wateja, na ya "rafiki yako amefanya hivi". Dawa ni kuingia kwenye akaunti yenyewe, sehemu ya mipangilio ya baruapepe, ukatoe alama moja baada ya nyingine. Steam, duka la gemu la mtandaoni, kwa mfano, wana ukurasa unaokuruhusu kuchagua aina kwa aina, hata kuzima zile za kukwambia gemu uliyoitamani imeshuka bei, huku taarifa za usalama na risiti zikiendelea kuja. Hivyo ndivyo inavyotakiwa iwe. Ifanye kazi hii kwenye kompyuta kama unaweza, kwa sababu kwenye simu kurasa hizi huwa ndefu na visanduku vidogo.

Kichujio nacho si kibaya; changu kilikuwa kibaya kwa sababu kiliangalia mtumaji peke yake. Ninachotumia sasa kinaangalia vitu viwili: barua imetoka kwa kampuni ile, na ndani yake kuna neno "unsubscribe". Tangazo linalofuata sheria haliwezi kukosa njia ya kujiondoa, na kwa Kiingereza neno lenyewe karibu kila mara ni hilo. Kwenye taarifa ya nenosiri, neno hilo kwa kawaida halina sababu ya kuwamo. Zenye neno hilo zinakwenda kwenye folda ya pembeni, si tupioni, na naipitia mara moja kwa mwezi kuona kama kuna kilichopotea njia. Zisizo nalo zinabaki mbele ya macho yangu.

Wapo wanaosema ziripoti tu kuwa barua taka, zitawakomesha. Nawaelewa, na kweli inawauma: Google wanataka malalamiko yasifike asilimia 0.3 ya barua za mtumaji. Kwa kampuni usiyo na akaunti kwake, bonyeza bila huruma. Kwa kampuni iliyoshika gemu zako, jizuie, maana barua ya onyo ikitoka kwa mtumaji yuleyule nayo inaweza kufuatishwa hukohuko kwenye taka. Na wanaoshauri ufute akaunti kabisa wanasahau kwamba gemu ulizolipia zinakwenda nayo.

Tulivyoipata akaunti yetu? Huduma kwa wateja walitaka ushahidi wa ununuzi wa kwanza, na risiti, kama nilivyosema, zilishateketea. Kilichotuokoa ni meseji za malipo ya simu ambazo mke wangu huwa hafuti, zenye tarehe na kiasi, pamoja na namba iliyochapwa nyuma ya mashine ya kuchezea gemu. Ilichukua wiki tatu za kuandikiana. Kijana hakucheza siku zote hizo, na nilimwona anavyopita sebuleni bila kuitazama ile mashine.

Sasa ana miaka 15. Tukakaa naye mezani tukamfungulia baruapepe yake ya gemu tu, tukahamishia akaunti huko, tukawasha uthibitishaji wa hatua mbili (nenosiri, kisha namba ya kuthibitisha), tukazima matangazo yote isipokuwa moja la mashindano alilolitaka mwenyewe. Anwani yangu ikabaki ya dharura. Mtu asiyetaka kufungua nyingine anaweza kuongeza alama ya kujumlisha na neno lolote kabla ya @ kwenye Gmail, jina+gemu, na barua zitafika palepale huku zikijulikana zilikotoka. Baadhi ya tovuti huikataa alama hiyo, ndiyo maana sisi tulichagua anwani mpya.

Juzi alinipigia tena, safari hii kwa shikamoo. Ilikuwa imeingia barua ya namba ya kuthibitisha ambayo hakuiomba. Siku hiyo nzima kisandukuni mwake hamkuwa na kingine. "Nimeshabadilisha nenosiri, mjomba," akasema, "na hiyo namba sijampa mtu."