Gitaa langu limejaa watu

Mwaka jana nilirekodi solo yangu kwa simu, dakika kama 3 hivi, afu nikakaa kuisikiliza na kalamu mkononi. Nikawa naandika: hapa Franco, hapa Mbaraka Mwinshehe, haka nilikopi kwa George Benson, yule Mmarekani wa jazi, nikiwa bado shule... mpaka mwisho, za kwangu mwenyewe nikahesabu sekunde 4. Nne! Na hizo zenyewe nilikuwa nimekosea najiokoa.

Nina miaka 17 na gitaa, mahotelini na kwenye maharusi, na huko kazi ni kukopi, mteja anataka wimbo vile vile alivyousikia redioni, sasa ukishazoea hivo mkono unakuwa hauna neno lake. Na sie tukikwama tunafanya nini, tunaingia YouTube kutafuta skeli nyingine, yani mpangilio mwingine wa noti. Mi naona hapo ndo tunapotea, anayeanza ndo wa kuongeza, sie wakongwe tupunguze.

Mwenda Jean Bosco wa Katanga, yule aliyerekodiwa na mtafiti wa muziki Hugh Tracey 1952, mkono wa kulia alitumia gumba na kidole cha shahada basi, na ukimsikia unadhani magitaa mawili. Benga nayo, muziki wa Waluo wa Kenya, walichukua mwendo wa nyatiti, kinubi chao cha nyuzi 8, wakauhamishia kwenye gitaa. Yani hawakutafuta kwa mpiga gitaa mwenzao.

Basi na mie mwezi mzima uzi mmoja tu, wa tatu, hakuna mbwembwe, nafuatisha bibi yangu anavyoimba akichambua mchele, anavyochelewa kuingia afu mwisho wa mstari anaushusha kama kachoka. Aisee ni ngumu. Wife akaniuliza, gitaa limeharibika? Ila kwenye kule kuchelewa nimekuta kitu.

Simu narekodi kila Jumapili, naisikiliza baada ya wiki, sio siku ile ile maana siku ile ile unajipenda mno au unajichukia. Kinachojirudia wiki tatu bila kukipanga, na sikumbuki nilikitoa kwa nani, naking'ang'ania hata kama ni kosa.

Juzi nimehesabu sekunde 11. Mpiga besi wetu analalamika siku hizi nachelewa kuingia, nimemwambia zoea tu kaka.