Sungura wa Hollywood na kicheko cha Beijing

Mzaha ni bidhaa inayochacha haraka. Uliowavunja watu mbavu Los Angeles, ukifika Beijing huenda hata tabasamu usipate. Lakini Machi 2016 katuni ya Disney, Zootopia, ambayo mhusika wake mkuu ni sungura, iliingia China bila makeke. Waliotangulia kuiona wakawaambia wenzao, kumbi zikafurika, na ilipoondoka ilikuwa imevuna takriban yuan bilioni 1.5, rekodi ya filamu za katuni nchini humo wakati ule.

Maelezo yanayotolewa sana ni kwamba katuni haina taifa. Sungura si Mmarekani, na mdomo wa kuchorwa hukubali lugha yoyote. Mwaka huohuo waliotengeneza Kung Fu Panda 3 walichora upya midomo ili ifuate Kimandarini. Katika Zootopia, mtangazaji wa habari wa televisheni ni panda kwa watazamaji wa China, na koala kwa wale wa Australia.

Nakubali, ila nusu tu. Mtazame sungura mwenyewe. Katoka shamba la karoti kijijini, kapanga chumba kidogo chenye kuta nyembamba na majirani wa kelele, kazi aliyoiota ni ya polisi wa kupambana na uhalifu lakini kapewa ya kuandika faini za maegesho. Kijana aliyehamia Shanghai kutoka mikoani anajiona pale. Kisha kuna ofisi ya leseni ambako wahudumu ni slothi, wale wanyama wa Amerika wanaojongea kwa shida, na kila neno linawatoka baada ya pumzi ndefu. Aliyewahi kuambiwa "njoo kesho" dirishani hahitaji mkalimani. Kilichovuka mpaka, kwa maoni yangu, ni karaha za mjini, nazo hufanana kila jiji.

Wapo wanaoona hapa hila ya kusaka dola tu. Mwaka 2008, Kung Fu Panda ya kwanza, katuni ya Hollywood, ilipotoka, msanii wa China Zhao Bandi alihimiza isusiwe: panda wetu, kungfu yetu, faida yao. Watu wakaenda hata hivyo, ikawa katuni ya kwanza kuvuka yuan milioni 100 nchini humo. Malalamiko hayo siyadharau. Sisi ambao "hakuna matata" yetu ilisajiliwa na Disney kama alama ya biashara Marekani tunaujua uchungu huo. Ila dola hununua mabango. Kicheko cha mtu aliyekwisha kukaa kitini hazikinunui.

Swali lililowakera zaidi watengenezaji filamu wa China lilikuwa jingine: kwa nini hatukuitengeneza wenyewe? Jibu lilichukua miaka. Ne Zha, katuni ya Kichina ya 2019, iliipita Zootopia kwa mapato, na mwendelezo wake, uliotoka sikukuu ya mwaka mpya wa Kichina 2025, ukavuka yuan bilioni 15, karibu zote za nyumbani. Humo kuna Taiyi, mwalimu mnene mpenda pombe anayezungumza kwa lafudhi ya Sichuan, jimbo la kusini-magharibi mwa China, na sehemu kubwa ya utani wake imo kwenye lafudhi hiyo. Agosti toleo la Kiingereza lilipofika Marekani, hata sauti ya mwigizaji nyota Michelle Yeoh haikuzijaza kumbi.

Wanaoamini katuni hujivusha yenyewe wana deni la kulieleza hili. Ne Zha 2 ina michoro ya kutosha na vituko vya kutosha, ila ucheshi wake unakaa mdomoni mwa watu wa mahali fulani, na huko Marekani hakuna aliyejua pa kuuhamishia. Lafudhi ya Sichuan kwa Kiingereza iwe ya wapi, Texas? Mtafsiri wa kibanda umiza hapa Dar asingehangaika: angempa Taiyi lafudhi ya Kanda ya Ziwa, akaongeza na matusi mawili ya kwake.