Likizo ya siku 28: ugomvi wote uko kwenye neno "siku"

Chukua mtunza stoo anayefanya kazi Jumatatu hadi Jumamosi kwa mshahara wa msingi wa shilingi 600,000 kwa mwezi. Amefanya kazi wiki 39, yaani miezi tisa kamili. Ajira inakoma na hajachukua hata siku moja ya likizo. Anaitwa ofisini kusaini malipo yake ya mwisho, na kwenye karatasi kuna mstari mmoja: "Likizo, siku 18 x 20,000 = 360,000." Anauliza zile 18 zimetoka wapi, anaelezwa, anaridhika. Anauliza zile 20,000 zimetoka wapi, anaelezwa, anaridhika tena. Anasaini.

Amepunjwa zaidi ya shilingi 55,000. Huenda mhasibu aliyeandika karatasi ile hakuwa na nia mbaya hata kidogo, maana kila namba ina maelezo yake na kila maelezo yanaingia akilini. Kosa limejificha kwenye ile alama ya kuzidisha iliyo katikati ya namba hizo.

Kifungu cha 31 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 kinampa mfanyakazi wa Tanzania likizo isiyopungua siku 28 za mfululizo katika kila mzunguko wa miezi 12, na sikukuu zinazoangukia ndani ya likizo zinahesabiwa humo humo. Ajira ikikoma kabla mzunguko haujatimia, kifungu hicho hicho kinatoa kanuni: mshahara wa msingi wa siku moja kwa kila siku 13 ambazo mfanyakazi alifanya kazi au alistahili kufanya kazi. Aliyetumikia chini ya miezi sita kwa kawaida hana haki ya likizo yenye malipo, isipokuwa wafanyakazi wa msimu na wale wanaoajiriwa na mwajiri yule yule zaidi ya mara moja ndani ya mwaka hadi jumla ya muda ikapita miezi hiyo sita.

Watu wengi wanaiona hiyo 13 kama namba iliyodondoka kutoka mbinguni. Haikudondoka. Siku 28 ni wiki nne, mwaka una wiki 52, na 52 ukigawa kwa nne unapata 13. Sheria inasema tu kwamba kila wiki 13 za kazi zinazaa wiki moja ya mapumziko. Ukilishika hilo, mabishano mengi yanakwisha hapo hapo.

Mtunza stoo wetu alifanya kazi siku sita kwa wiki kwa wiki 39, yaani siku 234 za kazi. Gawa kwa 13, unapata 18. Hapo mhasibu yuko sawa kabisa, ila hizo 18 ni siku za kazi. Siku moja ya kazi ya mtu huyu haina thamani ya shilingi 20,000, kwa sababu 20,000 imepatikana kwa kugawa mshahara kwa siku 30, Jumapili zikiwemo. Jedwali la kukokotoa mishahara lililo mwishoni mwa sheria linaelekeza mshahara wa mwezi ugawanywe kwa 4.333 ili kupata wa wiki, kisha wa wiki ugawanywe kwa idadi ya siku anazofanya kazi katika wiki. Kwa hiyo 600,000 inakuwa 138,472 kwa wiki, na ukigawa kwa sita inakuwa takriban 23,079 kwa siku. Mara 18, ni kama shilingi 415,400.

Sasa hesabu kwa kalenda. Wiki 39 ni siku 273; gawa kwa 13, unapata 21. Mshahara wa wiki ukigawanywa kwa siku saba ni kama 19,782. Mara 21, unarudi kwenye 415,400 ile ile. Njia mbili, jibu moja. Shida inaanza pale mtu anapochukua idadi ya siku kutoka njia moja na bei ya siku kutoka njia nyingine. Na kosa hili linakata pande zote mbili: nimeona pia hesabu zilizochukua siku 21 za kalenda zikazidishwa kwa 23,079 za siku ya kazi, mwajiri akalipa kama 485,000. Mfanyakazi anayefurahia hesabu ya namna hiyo ajue kwamba mwajiri akigundua, mwenzake atakayefuata ndiye atakayebanwa.

Ningekuwa na sauti kwenye ofisi za utumishi, ningeomba hesabu hii ifanywe kwa wiki. Wiki 39 gawa kwa 13 ni wiki tatu. Wiki tatu mara 138,472. Basi. Neno "siku" halijatajwa popote, na hakuna pa kukosea.

Hadi hapo ni hesabu, na hesabu ina jibu moja. Swali linaloleta mgawanyiko wa kweli ni kama sheria ilifanya vyema kuhesabu likizo kwa siku za kalenda tangu mwanzo.

Wanaotetea kalenda wana hoja ambayo sipendi kuipuuza. Mlinzi wa zamu, muuguzi, dereva wa masafa marefu, hawa hawana Jumamosi wala Jumapili kwa maana anayoijua karani. Ukiwaambia likizo yao ni siku kadhaa "za kazi", kwanza itabidi ubishane nao siku yao ya kazi ni ipi. Wiki nne za kalenda ni wiki nne kwa kila mtu. Fomu ya likizo inajazwa kwa dakika moja: unaanza Jumatatu ya tarehe 2 Desemba, unaripoti kazini Jumatatu ya tarehe 30. Tena sheria iliposema siku za mfululizo ililenga kumlinda mfanyakazi, apumzike kweli, asirushiwe likizo vipande vipande kama mahindi kwa kuku.

Lakini tuitazame hiyo hiyo Desemba kwa karibu. Mfanyakazi wa siku tano kwa wiki aliyekwenda likizo kuanzia tarehe 2 hadi 29 Desemba 2024 alikuta ndani yake tarehe 9, Uhuru, iliyoangukia Jumatatu, kisha Krismasi siku ya Jumatano na tarehe 26 siku ya Alhamisi. Siku hizo tatu angepumzika hata asingeomba likizo. Siku za kazi alizookoa kwa kweli ni 17. Mwenzake wa meza ya pili alikwenda kuanzia tarehe 3 Februari hadi 2 Machi 2025, mwezi usio na sikukuu hata moja, akaokoa siku 20. Haki moja, sheria moja, mshahara mmoja, na tofauti ni siku tatu. Na anayepanga nani aende lini ni mwajiri, kwa sababu kifungu hicho hicho kinampa yeye mamlaka ya kuamua muda. Mkataba namba 132 wa Shirika la Kazi Duniani wa mwaka 1970 uliliona jambo hili ukasema sikukuu zisihesabiwe ndani ya likizo ya chini kabisa, ambayo mkataba huo unaiweka kuwa wiki tatu. Kwa haki, hata yule wa Desemba na siku zake 17 bado anapita kiwango hicho, kwa kuwa wiki tatu zake ni siku 15. Kwa hiyo siwezi kusema Tanzania inamnyima mtu likizo. Ninachosema ni kwamba inaigawa kwa bahati ya kalenda.

Kenya ilichagua njia nyingine. Sheria yake ya ajira ya mwaka 2007 inatoa siku zisizopungua 21 za kazi baada ya kila miezi 12, na ajira ikikoma baada ya miezi miwili au zaidi, mfanyakazi anapata siku moja na robo tatu kwa kila mwezi aliotimiza. Nimesikia mara nyingi mtu akisema Tanzania ni wakarimu, wanatoa 28 wakati wenzao wanatoa 21. Namba hizo hazilinganishiki. Kwa mfanyakazi wa siku tano, 21 za Kenya ni wiki nne na siku moja, zaidi ya wiki nne za Tanzania. Kwa wa siku sita, ni wiki tatu na nusu, pungufu. Hapo ndipo udhaifu wa njia ya Kenya unapojitokeza: anayefanya kazi siku nyingi zaidi kwa wiki ndiye anayepumzika wiki chache zaidi. Njia ya kalenda haina dosari hiyo, na mimi naiona ni dosari kubwa kuliko kumezwa kwa sikukuu tatu.

Msimamo wangu ni kwamba wiki nne za kalenda ni kipimo kizuri endapo likizo inachukuliwa kwa mkupuo, kama sheria ilivyoandikwa. Kwenye ofisi nyingi haichukuliwi hivyo. Mtu anaomba siku tano mwezi Machi, siku tatu mwezi Juni, nyingine mtoto anapofungua shule. Hapo kalenda inavunjika. Anayekata Jumatatu hadi Ijumaa kila mara na kuandikiwa siku tano atapata siku 28 za kazi, yaani zaidi ya wiki tano na nusu. Anayeomba Ijumaa na Jumatatu akaandikiwa siku nne amelipia Jumamosi na Jumapili ambazo zilikuwa zake. Mwajiri anayeruhusu vipande aseme wazi kwenye sera yake kwamba wiki nne ni siku 20 za kazi kwa wa siku tano na 24 kwa wa siku sita, kisha ahesabu siku za kazi peke yake hadi mwisho. Pia tusisahau kwamba sheria inaruhusu siku za ruhusa zenye malipo, ambazo mfanyakazi aliziomba mwenyewe ndani ya mzunguko, zipunguzwe kwenye zile 28. Wengi hushtuka wakikuta salio limepungua. Si lazima iwe dhuluma.

Ninapokosa amani ni kwenye fedha yenyewe. Mfanyakazi akienda likizo, analipwa kabla ya kuondoka ujira ambao angelipwa kama angekuwa kazini. Ajira ikikoma na mzunguko haujatimia, anakokotolewa kwa mshahara wa msingi, ambao kwa tafsiri ya sheria hauna posho, hauna malipo ya saa za ziada, hauna nyongeza ya kazi za usiku. Mtu ambaye mshahara wake wa msingi ni 400,000 na posho za kudumu ni 250,000 ana siku mbili zenye bei mbili tofauti, kutegemea kama alipumzika au hakupumzika. Waajiri wanajibu kwamba posho ya usafiri ni ya kumfikisha mtu kazini na asiyekuja kazini haihitaji. Jibu hilo lina uzito kwa usafiri. Halina uzito kwa posho ya nyumba, maana kodi inalipwa hata mtu akiwa likizo. Na matokeo yake ni kwamba likizo isiyochukuliwa inakuwa rahisi zaidi kwa mwajiri kuliko iliyochukuliwa, jambo ambalo mtunga sheria hakulikusudia, naamini.

Sheria ilipoanza ilikataza kabisa kumfanyisha mtu kazi katika likizo yake. Baadaye ikalegezwa: wakikubaliana, mfanyakazi anaweza kubaki kazini na kulipwa mshahara wa mwezi mmoja badala ya likizo, mradi asipitishe miaka miwili mfululizo bila kupumzika. Najua wanaoita hiyo kuuza likizo na wanaoifurahia, hasa Januari. Siwezi kumlaumu mzazi mwenye ada mbele yake. Ila ukomo wa miaka miwili ungetazamwa kwa ukali kuliko unavyotazamwa.

Kisha kuna kupotea kwa likizo. Inatakiwa ichukuliwe ndani ya miezi sita baada ya mzunguko kwisha, au miezi 12 ikiwa mfanyakazi ameridhia na mahitaji ya kazi yanadai hivyo. Ikipita hapo, sheria inasema hana haki ya kulipwa kwa siku hizo wakati ajira inakoma. Waajiri wanaeleza, na ni kweli, kwamba bila ukomo huo mtu angelimbikiza likizo za miaka minane alizozipata kwa mshahara mdogo, halafu adai zote kwa mshahara mkubwa wa leo. Lakini mwenye kupanga tarehe ni mwajiri. Ikiwa aliyeshika ratiba hakutoa nafasi, si haki aliyenyimwa ndiye apoteze. Ukomo ungepaswa kumkuta yule aliyepangiwa tarehe akakataa, si aliyeomba mara tatu akaambiwa asubiri kwanza mzigo ushuke.

Na hapa ndipo madai mengi yanapofia mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Madai ya aina hii yanatakiwa kufikishwa huko ndani ya siku 60, na mdai akifika anaulizwa: uliomba lini? Anajibu kwamba alimwambia msimamizi kwa mdomo. Yule mtunza stoo, kama mzunguko wake ungekuwa umetimia, angehitaji nakala ya barua ya kuomba likizo yenye tarehe na saini ya aliyeipokea. Moja kwa kila mwaka inatosha.