Moduli za faiba: orijino au kompatibo, na swali linalosahaulika

Ofisi ikiamua kupandisha spidi ya mtandao kutoka giga 10 kwa sekunde kwenda 100 ubishi unakuwa uleule, tununue moduli (vile vipande vinavyochomekwa kwenye swichi kugeuza umeme kuwa mwanga wa faiba) za kampuni iliyotengeneza swichi au zile kompatibo za bei nafuu, yaani za kampuni nyingine, maana tofauti ya bei ni kubwa kwelikweli na ukipiga hesabu ya poti zote lazima mhasibu aulize.

Wanaotetea kompatibo wana hoja. SFP+, SFP28, QSFP28, yaani aina za moduli kwa umbo na spidi, hizi zote zimetokana na makubaliano ya watengenezaji wengi, sio mali ya kampuni moja. Swichi ikikataa moduli mara nyingi sio kwamba leza ni mbovu, inasoma jina la mtengenezaji kwenye chipu ndogo iliyo ndani ya moduli, ikiona sio lake inafunga poti. Swichi nyingi za Cisco zina kabisa amri ya kuruhusu, service unsupported-transceiver, unaiandika kazi inaendelea.

Ila upande wa pili nao usiwadharau. Mtandao umelala, unapiga simu ya msaada, jambo la kwanza unaambiwa chomoa hiyo weka ya kwetu ndio tuendelee, sasa kama huna hata moja stoo utafanyaje? Na kuna fimwea, yaani programu ya ndani ya swichi, unasasisha swichi leo moduli iliyokuwa inafanya kazi vizuri inakataliwa.

Kinachonisikitisha mimi ni kwamba watu wanagombania nembo wakati faiba iliyoko ukutani hakuna aliyeiangalia. Giga 10 ya SR (moduli ya masafa mafupi) kwenye OM3, daraja mojawapo la faiba ya multimodi, inafika mita 300. Giga 100 ya SR4 kwenye OM3 hiyohiyo mwisho mita 70, OM4 (daraja la juu yake) mita 100, halafu inataka nyuzi 8 na plagi ya MPO (inayobeba nyuzi nyingi kwa pamoja), kwahiyo ile plagi yako ya LC ya nyuzi mbili haiingii hata ukinunua orijino ya bei gani. Kama una singomodi (faiba ya masafa marefu) una bahati, moduli ya CWDM4 inakupeleka kilomita 2 na LR4 kilomita 10 kwa LC ileile.

Halafu FEC, yaani ule urekebishaji wa makosa. SR4 na CWDM4 zinaihitaji, ikiwa imewashwa upande mmoja tu unaona mwanga unafika, dBm (kipimo cha nguvu ya mwanga) nzuri kabisa, lakini linki haipandi, na lawama zote anatupiwa aliyenunua kompatibo!

Kwa hiyo mimi naenda na kompatibo kwa linki nyingi, kila upande moduli ambayo chipu yake imeandikwa jina linalokubaliwa na swichi yake (sio lazima zifanane nembo, zifanane spidi, aina na mawimbi), na orijino mbili stoo za kupimia tatizo. Ila muuzaji akishindwa kusema imejaribiwa kwenye swichi ya modeli gani na fimwea ipi, hata bei iwe poa namna gani siichukui.