Anayeipinga Kamusi Ndiye Alete Ushahidi

Katika mabishano juu ya maana za maneno, anayefungua kamusi amekuwa akichukuliwa kama mtu aliyeishiwa hoja. Wanaisimu humwambia kwamba kamusi haiumbi maana bali huandika yale ambayo watu wamekwisha kuyasema. Wanasheria humkumbusha kwamba neno husomwa ndani ya sentensi yake, na mzungumzaji aliyezaliwa Unguja au Tanga humwambia kwamba lugha hii ameinyonya kwa mama yake na hahitaji kufundishwa na kitabu. Hoja zote tatu zina ukweli ndani yake. Hata hivyo zinamtendea isivyo haki mtu anayeitegemea kamusi, hasa akiwa mkazi wa mikoa hii ya katikati ya Tanzania, na nadhani upande wake haujaelezwa ipasavyo.

Tuanze na mtu huyo ni nani. Dodoma na Singida ni mikoa ya Wagogo, Warangi, Wasandawe, Wanyaturu na Wanyiramba, na wengi wao Kiswahili wamekikuta shuleni, sokoni au kwa majirani baada ya kuwa na lugha nyingine nyumbani. Tangu Serikali ilipoanza kuhamia Dodoma mwaka 2016, watu hao wanakaa meza moja na watumishi waliotoka Dar es Salaam na pwani, wakiandika kumbukumbu za vikao, matangazo ya zabuni, sheria ndogo za halmashauri na mikataba ya pango. Kiswahili sanifu, kama inavyojulikana, kilijengwa juu ya Kiunguja kufuatia uamuzi wa mkutano wa Mombasa mwaka 1928. Kwa hiyo mtu anaposema kwamba mwamuzi wa lugha ni matumizi, swali la kwanza linalopaswa kuulizwa ni matumizi ya nani. Kijana wa wilaya ya Chemba, mkoani Dodoma, akiambiwa kikaoni kwamba "hatusemi hivyo", na neno hilo likawa ndilo la mwisho, hana mahali pa kukata rufaa, kwa sababu mamlaka inayotajwa iko katika sikio la mtu mwingine. Kamusi ni kitu ambacho yeye na anayemsahihisha wanaweza kukifungua ukurasa uleule na kusoma mstari uleule. Sisemi hivi kuwabeza watu wa pwani, ambao bila wao lugha hii isingekuwapo. Nasema tu kwamba usawa wa namna hiyo haupatikani popote pengine.

Upande wa pili una hoja nzito, na iliyo nzito kuliko zote inaonekana katika neno fisadi. Kamusi ya Kiswahili kwa Kiingereza iliyosimamiwa na Frederick Johnson na kuchapishwa mwaka 1939 ilimweleza fisadi kwa uovu wa tabia, uharibifu na uasherati. Kufikia Februari 2008, Bunge lilipojadili ripoti ya mkataba wa umeme wa kampuni ya Richmond hapa Dodoma na Waziri Mkuu akajiuzulu, kila msikilizaji wa redio alikuwa akilielewa neno ufisadi kuwa ni wizi wa mali ya umma. Mtu ambaye angeitwa fisadi siku zile, kisha akajibiwa kwamba kwa mujibu wa kamusi ya zamani ameitwa mtongozaji tu, angekuwa amedhulumiwa mara mbili. Sheria ya kashfa inalitambua hilo: neno hupimwa kwa jinsi ambavyo msikilizaji wa kawaida mwenye busara angelielewa, na kamusi haiwezi kumfuta msikilizaji huyo. Hapa wanaisimu wana haki kabisa, na sioni namna ya kuwapinga.

Wanaongeza hoja ya muda, nayo inanisumbua zaidi. Kamusi ya Kiswahili Sanifu ya Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ilitoka mara ya kwanza mwaka 1981, na toleo la pili likatoka mwaka 2004. Ni pengo la miaka 23. Mtoto aliyezaliwa mwaka wa toleo la kwanza alikuwa mtu mzima lilipotoka la pili. Katika kipindi hicho mfumo wa vyama vingi ulirejea mwaka 1992, soko huria likachukua nafasi ya maduka ya ushirika, simu za mkononi zikafika vijijini, na msamiati wa siasa, biashara na mawasiliano ukabadilika karibu wote. Aliyekuwa akitatua mgogoro mwaka 2002 kwa kamusi ya 1981 alikuwa akiuliza swali la zama moja na kupokea jibu la zama nyingine, pengine bila kulijua hilo, kwa kuwa kitabu kilikuwa kilekile na jalada lake halikumwonya. Toleo la tatu lilifuata mwaka 2013, baada ya miaka tisa, na Baraza la Kiswahili la Taifa (BAKITA) likatoa Kamusi Kuu ya Kiswahili mwaka 2015. Hali imekuwa bora. Lakini tazama kosa hapa ni la nani: ni la wachapaji, la bajeti za utafiti, la taifa lililoiacha kamusi yake izeeke. Anayeifungua akitafuta jibu la haki hana lawama hiyo, na tiba yake ni kuitengeneza kamusi mara kwa mara, wala si kumcheka anayeitumia.

Tena ile kauli kwamba kamusi huandika tu yaliyosemwa ina mipaka kwetu. Inazifaa zaidi lugha ambazo kamusi zake zilikuja baada ya karne nyingi za maandishi yaliyokwisha kuzagaa. Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki iliyoanzishwa mwaka 1930 ilikuwa na kazi ya kusanifisha, na vitabu vya shule vilipitia mikononi mwake ili lugha yake iidhinishwe. BAKITA, iliyoundwa kwa sheria mwaka 1967, bado ina jukumu la kusanifu istilahi. Kamusi ya Kiswahili tangu mwanzo imekuwa ikiandika na kuelekeza kwa wakati mmoja, na wanafunzi, waandishi wa habari na makarani wamekuwa wakiandika kwa kuifuata. Ni kweli kwamba mara nyingine watu wamekataa kuelekezwa, kama walivyoendelea kusema kompyuta hata baada ya kupewa tarakilishi. Ni kweli pia kwamba maneno ya bara yameingia na kukaa, kama ikulu, lililotoka kwenye makazi ya watemi wa Unyamwezi na majirani zao, au ng'atuka la Kizanaki ambalo Mwalimu Nyerere alilisambaza. Lakini neno la bara likishaingia katika kamusi, hakuna tena anayeweza kumwambia msemaji wake kwamba si Kiswahili.

Chukua neno mboga, ambalo wazabuni wa chakula cha shule wanalijua vizuri. Kamusi zetu huanzia kwenye majani na mimea inayopikwa. Katika nyumba nyingi za Dodoma, hata hivyo, mtu akiuliza "leo mboga ni nini?" anaweza kujibiwa mlenda, maharage, dagaa au nyama, kwa kuwa mboga ni chochote kinachoshushia ugali. Tuseme mkataba wa bweni unadai "mboga kila siku", na mzabuni akaleta maharage siku zote saba. Wazazi watasema walitaka mchicha na figiri. Mzabuni atasema maharage ni mboga tangu enzi za babu zake. Nani yuko sahihi?

Mahakama ya Juu ya Marekani iliwahi kukutana na swali la jamii hiyo katika kesi ya Nix dhidi ya Hedden, mwaka 1893. Sheria ya ushuru ya 1883 ilitoza asilimia 10 kwa mboga na kuacha matunda, na mwagizaji wa nyanya akadai arudishiwe ushuru wake kwa kuwa nyanya, kwa elimu ya mimea, ni tunda. Kesi hiyo hutajwa mara kwa mara na wale wanaotaka kuishusha kamusi, kwa sababu majaji walisema kwamba kamusi hupokelewa si kama ushahidi bali kama msaada wa kumbukumbu na uelewa wa mahakama, kisha wakaamua kwa lugha ya kawaida ya watu kwamba nyanya ni mboga. Lakini wanaoitaja huruka mwendo wenyewe wa shauri. Kamusi zilisomwa kwanza, mbele ya pande zote. Kisha wakaitwa mashahidi wawili waliokuwa wamefanya biashara ya matunda na mboga kwa miaka 30, wakaulizwa kama maneno hayo yana maana ya pekee katika biashara yao, nao hawakuonyesha kwamba inatofautiana na ile iliyosomwa. Nyanya iliwekwa upande wa mboga baada ya kamusi kusema na wenye ushahidi wa kwenda kinyume kupewa nafasi yao. Ndivyo ningependa mzabuni wetu atendewe: kamusi inasema mimea, naye akidai kwamba katika zabuni za shule za wilaya yake mboga imekuwa ikijumuisha maharage, alete mikataba ya nyuma na watu waliopika.

Wanaotetea matumizi huzungumza kana kwamba matumizi hayana mwenye nguvu ndani yake. Gunia linaonyesha vinginevyo. Kwenye kamusi ni mfuko mkubwa wa katani au wa kitambaa kizito. Katika biashara ya mazao ni kipimo, na sheria yetu ya vipimo imekataza gunia lipite kilo 100. Kati ya hayo mawili imekaa lumbesa, gunia lililorefushwa kwa kushonewa kilemba juu, ambalo mnunuzi hulihesabu kuwa gunia moja. Mkulima wa vitunguu wa Singida aliyepatana bei ya gunia anakuta kwamba, kwa mujibu wa matumizi ya wanunuzi waliofika na lori, neno alilolitamka lilikuwa na ujazo wa ziada ambao halipwi. Matumizi hayo ni ya kweli. Yameenea, yanaeleweka na kila dalali, na mtafiti wa lugha akija na daftari lake atayakuta na kuyaandika kwa uaminifu. Lakini yameenea kwa sababu upande mmoja wa mazungumzo una lori, una fedha taslimu na unaweza kuondoka, na mwingine una mazao yanayooza. Hoja kwamba maana ni kile wanachokubaliana wazungumzaji inachukulia kwamba kulikuwa na makubaliano. Mkulima huyu hakukubali. Alinyamaza tu, na kunyamaza kwake kumehesabiwa kuwa sehemu ya lugha. Serikali ilipoweka kikomo cha kilo ilikuwa, kwa namna yake, inaandika fasili ya neno na kuwataka wenye nguvu waifuate. Sioni kwa nini fasili iliyoandikwa na watu wasio na mzigo kwenye lori lile ionekane kuwa adui wa lugha hai.

Ugumu uliobaki ni kwamba kamusi si moja. Baraza la Kiswahili la Zanzibar liliita kitabu chake Kamusi la Kiswahili Fasaha, mwaka 2010, huku bara tukisema kamusi ya, na mtu anaweza kuuliza kwa haki kabisa ni kitabu kipi kitakuwa mwamuzi ikiwa vyenyewe havijakubaliana juu ya ngeli ya jina lao. Jibu langu ni kwamba zisomwe zote. Katika kesi ya kampuni za simu ya MCI dhidi ya AT&T, mwaka 1994, mahakama ileile ya Marekani ilikataa kuegemea kamusi moja iliyotoa maana ambayo karibu nyingine zote zilikwenda kinyume nayo. Zinapoafikiana, ni ushahidi wenye uzito. Zinapotofautiana, tumejua kwamba neno lina utata, na kulijua hilo kabla ya kutia saini kuna faida kubwa.

Swali hili litatufikia mara nyingi zaidi kuliko zamani. Marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yamefanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama. Mawakili wetu, waliozoea kunukuu kamusi za sheria za Kiingereza katika hoja zao, sasa watalazimika kubishana juu ya maneno yetu. Sheria zenyewe zimekwisha kutoa mfano, kwa kuwa karibu kila moja ina sehemu ya tafsiri inayoanza na maneno "isipokuwa kama muktadha utahitaji vinginevyo". Fasili hutangulia, na anayetaka muktadha uishinde hubeba kazi ya kuonyesha muktadha huo. Sidhani kwamba wakili, mwalimu anayesahihisha insha au ofisa anayeandika zabuni anahitaji kanuni iliyo ngumu kuliko hiyo.

Halmashauri zinaweza kuanza mara moja, bila kusubiri Bunge, kwa kuongeza kifungu kifupi katika mikataba yao ya zabuni: kwamba neno ambalo halikufasiliwa humu litachukuliwa kwa maana iliyomo katika kamusi mbili zilizotajwa, kwa matoleo yaliyokuwa yakitumika siku ya kutia saini, isipokuwa upande mmoja uthibitishe kwamba katika shughuli hiyo neno lilikuwa na maana nyingine ambayo upande wa pili uliijua. Sharti hilo la mwisho ndilo lisiloweza kuachwa, kwa kuwa mkulima wa Singida hakujua kuhusu kilemba mpaka gunia lilipokwisha kushonwa.